Tsukamoto, Chuma na Nyama

Kuna kijana ameota nguzo ya umeme mgongoni. Hakuna anayetueleza imefikaje hapo, na mwenyewe wala haoni kuwa ni jambo la ajabu sana. Kinachomsumbua ni wenzake wanaomwonea. Ghafla anarushwa miaka ya mbele, kwenye Japani ambayo vampaya wamejipanga kuifunika dunia kwa giza, na yeye na nguzo yake ndio tegemeo lililobaki. Hiyo ni Denchu Kozo no Boken, filamu ya 1987 ya mwongozaji wa Kijapani Shinya Tsukamoto, iliyopigwa kwa kamera ya milimita 8, kamera ndogo ambayo baba wa familia alinunua ili arekodi watoto wakicheza ufukweni. Hadithi yenyewe ilianzia jukwaani, ikiwa mchezo wa kikundi chake cha maigizo. Mwaka 1988 ikachukua tuzo kuu ya tamasha la filamu la PIA huko Tokyo, lango ambalo waongozaji wengi chipukizi wa Japani wamepitia.

Nimeanza na nguzo hiyo kwa makusudi. Mtajie mpenzi wa filamu za kutisha jina la Shinya Tsukamoto, atakudaka na "Tetsuo!", filamu yake mashuhuri, kabla hujalimaliza, na mazungumzo yataganda kwenye yule mtu wa chuma. Mimi nadhani nguzo ya umeme inamweleza vizuri zaidi. Ndani yake mna mwili ulioingiliwa na mji, mna mzaha wa kitoto, mna mtu mmoja anayefanya kazi za watu kumi. Na kuna kitu ambacho hamna, nacho ndicho kilichonifanya nikae chini kuandika: hamna woga wa uharibifu. Tsukamoto kijana alifurahia kuona vitu vikivunjika. Tsukamoto mzee hafurahii tena, ingawa kamera yake inatikisika vilevile. Safari ya kutoka huku kwenda kule imemchukua karibu miaka thelathini, na sijui mwongozaji mwingine wa filamu za kutisha aliyeipita waziwazi hivyo huku akibaki na vifaa vilevile mkononi.

Alizaliwa Tokyo Januari 1, 1960. Alikuwa na umri wa miaka 14 alipoanza kutengeneza filamu kwa kamera ya milimita 8 ya baba yake. Kama watoto wengi wa rika lake alikuwa amelewa majitu ya sinema na televisheni, Godzilla na ukoo wake wote. Akasoma sanaa katika Chuo Kikuu cha Nihon, uchoraji wa rangi za mafuta, kisha akaajiriwa kutengeneza matangazo ya televisheni. Ni kazi iliyomfundisha, nadhani, thamani ya sekunde moja. Kazi hiyo akaiacha, akarudi kwenye kikundi chake cha maigizo kilichoitwa Kaijyu Theater, yaani Ukumbi wa Majitu ya Baharini. Waigizaji wa kikundi hicho ndio waliokuja kuwa waigizaji wa filamu zake, mafundi wake, wabeba taa wake, na kwa kipindi fulani watu wa kulala naye chumba kimoja.

Chumba hicho kilikuwa cha Kei Fujiwara, mmoja wa waigizaji hao. Huko ndiko sehemu kubwa ya Tetsuo: The Iron Man ilikopigwa, kwa filamu ya milimita 16, nyeusi na nyeupe, kwa muda uliopindukia mwaka. Fujiwara aliigiza mpenzi wa mhusika mkuu, na alipokuwa hayumo kwenye picha alishika kamera. Tsukamoto aliandika, akaongoza, akapiga picha, akapanga taa, akatengeneza mapambo, akahariri, na akaigiza adui. Vyuma vinavyoonekana vikichipuka kwenye ngozi ya mwigizaji mkuu, Tomorowo Taguchi, ni takataka za kweli: nyaya, mabomba na matumbo ya vifaa vya umeme vilivyotupwa, vikabandikwa mwilini kwa tepu. Watu walichoka wakaondoka mmoja mmoja. Filamu ilipokuwa inakaribia kumalizika waliobaki walikuwa wachache mno, na ukitazama dakika za mwisho utagundua kwamba walio mbele ya kamera ni wawili tu, wanakimbizana.

Hadithi yake inatosha sentensi chache. Mtu mmoja anayeabudu chuma anajipasua paja na kupachika fimbo ya chuma yenye mirezi. Kidonda kinaingia funza, anatoka mbio akipiga kelele, gari linamgonga. Aliyekuwa kwenye gari ni mfanyakazi wa ofisini na mpenzi wake, nao wanamtupa kichakani. Baadaye mfanyakazi yule ananyoa ndevu asubuhi, anaona mwiba wa chuma umechomoza shavuni. Unabanwa, damu inaruka. Kuanzia hapo mwili wake unaota chuma bila breki, hadi kiungo chake cha kiume kinapogeuka drili, na ambaye hajawahi kuiona filamu hii asiitazame na wakwe.

Sisi tuliokulia kwenye mikanda ya mizimu na majini tunaijua kanuni. Kuna aliyekosewa, kuna kisasi, kuna mganga au mchungaji, na mwisho pepo linatoka. Tetsuo inaanza kwa kanuni hiyohiyo: gari limemgonga mtu, wakamtupa, naye amerudi kudai chake. Tatizo ni kwamba mganga hatokei. Hakuna anayetibiwa wala kusamehewa. Aliyekosa na aliyekosewa wanapigana mpaka wanashikamana na kuwa jitu moja la chuma, na wakiwa humo wanapatana, tena kwa furaha, kwamba dunia nzima waigeuze kutu. Wanaondoka barabarani kama wanaokwenda sherehe. Skrini inaandika GAME OVER. Dakika 67 zimekwisha, nawe hujui kama umetazama maangamizi au harusi.

Mimi kazi yangu ni kuhariri video, harusi kwa wingi na matangazo kidogo, kwa hiyo kitu cha kwanza kilichonishika ni mbio. Kuna sehemu watu wanapita mitaa ya Tokyo kwa kasi isiyowezekana, wamesimama wima, miguu haipigi hatua, kama wanaoteleza juu ya lami. Filamu hupita fremu 24, yaani picha 24 zisizosogea, kila sekunde. Mwigizaji anasimama barabarani kwa mkao wa mtu anayekimbia, inapigwa fremu moja. Anasogea kidogo, inapigwa nyingine. Sekunde 10 za mbio ni fremu 240, yaani mtu aliyebandikwa mabomba kifuani anajikongoja mara 240 mtaani, watu wakipita na shughuli zao. Iweke kwenye programu ya kuhariri uipitie fremu kwa fremu: vivuli vinaruka kwa sababu jua na mawingu havimsubiri mtu, nguo inakunjika upya kila mara, ukuta wa nyuma unarudi na kwenda. Leo kasi hiyo inapatikana kwa kubofya mara moja, na tunabofya sana, hasa kwenye kipande cha bwana harusi akishuka kwenye gari. Ila mtetemo ule haupatikani. Jicho lako, hata kama hujui lolote kuhusu kamera, linatambua kwamba huyu mtu amesogezwa na mkono wa mtu, na ndipo inapoanza karaha.

Sauti nayo ni nusu ya filamu. Chu Ishikawa alitengeneza muziki wa mabati na mashine, midundo ya karakana yenye hasira, akaendelea kuwa mwanamuziki wa Tsukamoto kwa karibu kila filamu iliyofuata. Wahusika hawasemi mengi, wanapumua na kupiga mayowe, na chuma kinaongea kwa niaba yao. Ndiyo maana filamu hii ilisafiri bila shida ya lugha. Mwaka 1989 ilishinda tuzo ya filamu bora kwenye tamasha la Fantafestival mjini Rome, na jina la mtu aliyekuwa akibandika takataka kwa tepu likaanza kuzunguka dunia.

Baada ya hapo angeweza kuwa mtu wa chuma milele. Alirudia mara mbili. Tetsuo II: Body Hammer ya 1992 ina rangi na fedha zaidi, ina mtoto aliyetekwa na baba ambaye hasira yake inamgeuza mzinga. Ya tatu, Tetsuo: The Bullet Man ya 2009, inaongea Kiingereza na ndiyo dhaifu kuliko zote; kamera inatikiswa mpaka huoni kinachotisha ni nini, na hadithi inaeleza mambo ambayo ile ya kwanza iliyaacha yalivyo. Katikati alifanya kazi mbili tatu zenye mkono wa kampuni kubwa, Hiruko the Goblin na Gemini. Gemini ni nzuri, nina rafiki anayeiweka juu kuliko zote, nami humwacha na imani yake.

Filamu iliyonifanya nimwelewe ni Tokyo Fist ya 1995. Haina chuma kinachoota, haina jini. Kuna muuza bima anayeitwa Tsuda, Tsukamoto mwenyewe, anayeishi kwenye ghorofa safi na mchumba wake Hizuru. Anatokea rafiki wa zamani, Kojima, bondia, anayechezwa na mdogo wa damu wa Tsukamoto, Koji. Bondia anamtamani mchumba. Tsuda anapandwa wivu na kwenda kujifunza ngumi. Hapo ungetegemea filamu ya wanaume wawili, lakini Hizuru ndiye anayefika mbali kuliko wote: anaanza kujitoboa, kujichora, kujitia vyuma mwilini, akiwaacha wale wawili wanapigania kitu ambacho si chao tena. Nyuso zinavimba kwa vipigo hadi jicho linapotea, damu inatoka kama bomba limepasuka. Ni kichekesho na ni kitisho kwa pamoja, na ni mwili uleule wa Tetsuo, safari hii ukigeuzwa kwa ngumi.

Baada ya kuiona hiyo, ukirudi nyuma na kwenda mbele, unakuta watu walewale watatu kila mahali. Mwanamume na mwanamke wamo ndani ya nyumba, wamelala usingizi mzito huku wamefumbua macho. Wa tatu anavunja mlango. Katika Tetsuo wa tatu ni mwabudu chuma. Katika Gemini ni pacha. Katika A Snake of June ya 2002 ni mpigapicha mwenye saratani anayempigia simu Rinko, mshauri wa watu walio kwenye shida, na kumlazimisha kufanya barabarani yale anayoyatamani kwa siri. Mume wa Rinko anajua kusugua sinki na mabomba tu. Ndoa yao ni ya watu wawili wanaopishana koridoni. Tsukamoto anaigiza yule mvamizi, kama alivyofanya kwenye Tetsuo. Hilo linanikera na kunivutia kwa kiasi kilekile. Ni mwongozaji anayejipa mwenyewe kazi ya kuwatesa waigizaji wake mbele ya kamera, na hajifichi.

Tuseme ukweli, A Snake of June ina mambo ambayo mtazamaji wa leo, na hasa mwanamke, ana haki ya kuyakataa. Vitisho vya mtu mwenye picha zako vinageuzwa kuwa njia ya kujikomboa, na filamu haioni aibu juu ya hilo. Hata hivyo sijaona mvua iliyopigwa picha vile. Filamu yote ni ya buluu, nyeusi na nyeupe iliyotiwa rangi hiyo, na skrini ni ya mraba kama televisheni ya zamani, watu wakibanwa ndani yake. Maji yanatiririka kwenye madirisha, kwenye mifereji, mgongoni mwa mtu. Asuka Kurosawa anaibeba filamu nzima kwa uso wake. Tamasha la filamu la Venice liliipa tuzo maalumu ya jopo mwaka huohuo.

Kipande kifupi kinachonikosesha raha kupita vyote ni Haze ya 2005, dakika 49, video ya kidijitali. Mtu anazinduka ndani ya mwanya wa zege. Ana jeraha tumboni, hajui amefikaje. Hawezi kusimama, hawezi kugeuka. Kuna mahali inambidi asogee kwa ncha za vidole, kichwa kimebanwa, mdomo wazi, meno yamekaza bomba la chuma, na kila anaposogea kando meno yanakwaruza lile bomba. Kamera iko karibu kiasi kwamba huoni chumba, unaona fizi. Tsukamoto ndiye aliye humo ndani. Hakuna uchawi wa kompyuta unaoweza kushindana na sauti ile, na gharama yake ni bomba moja na mwigizaji ambaye hawezi kumlalamikia mwongozaji.

Hadi hapo, maumivu kwa Tsukamoto yalikuwa kengele ya kuamsha. Mtu wa mjini amekufa ganzi kwa sababu ya ofisi, ghorofa na treni. Anapigwa, anatobolewa, anaota chuma, na walau anagundua kwamba ana mwili. Kizazi chake kilizaliwa baada ya vita na kukua katika neema, na vurugu kwao ilikuwa ndoto. Katika Bullet Ballet ya 1998, mtengeneza matangazo ambaye mpenzi wake amejiua kwa bastola anazunguka Tokyo akitafuta bastola ya aina ileile, akishindwa kuinunua anajaribu kuiunda. Anayejua vita hasa hawezi kuitamani bastola namna hiyo. Nadhani Tsukamoto mwenyewe alianza kuliona hilo.

Kotoko ya 2011 ndiyo bawaba. Cocco, mwimbaji kutoka Okinawa, ni mama anayelea mtoto peke yake na kuona kila mtu wawili wawili, mmoja mwema na mmoja anayekuja kumuua mwanawe, na hajui ni yupi wa kweli. Kamera inatikisika kama zamani, ila sasa kutikisika kunauma, kwa sababu kuna kitoto kichanga kwenye picha. Tsukamoto amejipa nafasi ya mwandishi wa riwaya anayempenda na anayekubali kupigwa naye hadi uso unavimba. Yule mvamizi wa zamani sasa ndiye anayepokea kipigo. Filamu ilipata tuzo ya juu ya kitengo cha Orizzonti huko Venice.

Kisha 2014 ikaja Nobi, au Fires on the Plain, kutoka riwaya ya Shohei Ooka ambayo Kon Ichikawa alishaitengenezea filamu mwaka 1959. Tsukamoto alikuwa na ndoto nayo kwa miaka mingi. Wenye fedha hawakutaka. Alishawahi kuzungumza na wazee waliopigana huko Ufilipino katika Vita vya Pili vya Dunia, nao walikuwa wakiondoka duniani, na hadharani alikuwa akisema anaogopa kuona nchi yake inaanza kuisogelea vita tena. Akaitengeneza kwa fedha zake, kwa msaada wa watu wa kujitolea, na akaigiza askari Tamura mwenyewe, maana nyota wa sinema wanalipwa. Mtu wa miaka hamsini na zaidi, mwenye majina yote ya tuzo, alirudi palepale alipokuwa na kikundi chake kwenye chumba cha Fujiwara.

Tamura ana kifua kikuu. Kiongozi wa kikosi anamfukuza aende hospitali, chakula hakitoshi. Hospitali inamrudisha kikosini, wagonjwa wa kukatwa miguu ni wengi. Anarudi, anapigwa kofi, anafukuzwa tena. Inachekesha kwa namna chungu, halafu haichekeshi. Usiku mmoja wanajeshi wanajaribu kuvuka uwazi, taa zinawaka juu yao, bunduki za rashasha zinaanza. Miili inakatika vipande, wanaume wanakanyaga matumbo ya wenzao, mmoja anagombania mkono uliokatika. Hapo ndipo nilipomtambua mtu wa Tetsuo: nyama inafunguka vilevile, kamera iko karibu vilevile, Ishikawa anagonga vilevile. Lakini furaha haipo. Msitu wa Leyte, kisiwa cha Ufilipino, unang'aa kijani na maua mekundu, mzuri kupita kiasi, na wanadamu ndani yake ni nyama inayotazamana kwa njaa. Mwenye njaa ya kweli anamtazama mwenzake na kuona chakula. Hakuna jini linaloweza kunitisha kuliko hapo.

Wapo waliosema Tsukamoto ameacha filamu za kutisha. Mimi nasema alikuwa bado hajaanza. Killing ya 2018 inafunguka kwa chuma ndani ya moto, upanga ukifuliwa, na unaweza kudhani amerudi nyumbani. Kumbe ni hadithi ya samurai kijana, hodari wa mazoezi, ambaye wakati wa kuua ukifika mkono unamkataa. Chu Ishikawa alifariki Desemba 2017 kabla ya filamu hiyo kukamilika, na muziki wake uliokwisha rekodiwa ndio uliotumika. Shadow of Fire ya 2023 inabaki kwenye vibanda vya biashara ya magendo baada ya vita, na mjane, na mtoto yatima, na wanajeshi waliorudi wakiwa hawajarudi.

Wakati huohuo ameendelea kuigiza kwa wengine. Anayedhani hamjui huenda alishamwona kwenye Silence ya Martin Scorsese, 2016, akiwa Mokichi, Mkristo aliyefungwa msalabani baharini mawimbi yakimpiga siku baada ya siku. Alikonda kwa ajili ya nafasi hiyo. Mwaka huohuo alitokea kwenye Shin Godzilla akiwa mwanabiolojia, akichambua jitu aliloliabudu utotoni. Natumaini alifurahi sana siku hiyo ya kupiga picha.

Sasa, mara nyingi mtu akiniuliza aanzie wapi humwambia aiache Tetsuo kwanza. Aanze na Tokyo Fist, hadithi yake inashikika na vicheko vipo. Kisha A Snake of June mvua ikinyesha. Kisha Nobi, mchana, na mlo uliwe mapema. Tetsuo ije baada ya hiyo, kwa sababu baada ya Nobi ile furaha ya majitu mawili yakienda kuimaliza dunia unaisikia kwa sikio jingine. Ni furaha ya watoto waliokuwa hawajaambiwa. Tumia visikilizi vya maana, spika za laptop zinaugeuza muziki wa Ishikawa kuwa kelele za redio mbovu. Na Haze, mwenye jino bovu aipite tu.